Alama Isiyo na Namba

Nilipewa taarifa ya kifo cha Babu Eliapenda nikiwa kwenye foleni ya maharage, sahani mkononi, na kitu cha kwanza nilichofanya ni kucheka. Sijivunii. Matroni wetu ana sura moja tu kwa habari zote: maji yamekatika, mtihani umesogezwa, mtu amekufa. Alinisogelea na sura hiyo akasema, "Aika, yule mzee jirani wa bibi yako huko Mwika amefariki. Nyumbani wamekuombea ruhusa ya mazishi." Mimi nikasubiri sehemu ya pili, ile inayochekesha. Haikuja, nikacheka tu ili kuijaza nafasi. Foleni nzima ikacheka nami, kwa sababu kidato cha sita chote kinajua kwamba Aika akicheka kuna kitu. Ndicho cheo changu hapa shuleni, na nimekifanyia kazi. Wasichokijua ni kwamba kuna mwaka mmoja nilioishi nikiwa na mtu mmoja tu wa kumchekesha, na huyo mmoja ndiye aliyekuwa amekufa.

Nilikuwa kidato cha pili. Nilihamishwa kutoka Moshi mjini kupelekwa kwa Bibi, Mwika, kwa sababu ambazo watu wazima wenyewe hawajamaliza kuzibishania, kwa hiyo naziacha hapo hapo. Nilifika na begi, godoro, na sifa ya uchekeshaji ambayo mjini ilinifikisha mara kadhaa ofisini kwa mwalimu wa nidhamu. Huku mlimani sifa hiyo ilikufa wiki ya kwanza. Darasani tulizungumza Kiswahili, lakini kengele ya mapumziko ikilia tu wote walihamia Kichagga, kama watu wanaovua viatu vinavyobana, na mimi ambaye Kichagga changu kilikuwa cha kusalimia na kuombea chakula nikabaki mlangoni na viatu vyangu. Nilijaribu, aisee. Siku moja niliwatupia utani wangu bora kabisa, ule wa mwalimu wa fizikia na pasi ya mkaa. Wakanitazama kwa huruma. "Huyu wa mjini anasemaje?" mmoja akauliza. "Sijui, labda ana njaa," mwenzake akajibu, na hapo ndipo walipocheka. Nikirudi nyumbani nilimkuta Bibi, ambaye sikio lake la kushoto limegoma na la kulia analitunza kwa ajili ya ibada. Nilimwambia ng'ombe wake anaishi kama waziri, analetewa chakula ndani na hajibu salamu. Bibi akasema, "Eeh, mkatie majani." Nikamkatia waziri majani.

Babu Eliapenda alikaa upande wa pili wa masale. Kwa asiyeijua kwetu: masale ni mimea ya majani marefu ya kijani tunayopanda kwa mstari kati ya kihamba na kihamba, yaani shamba la ukoo na jingine, na mtu mwenye akili timamu hang'oi sale la mpaka, hata akiwa amegombana na jirani mpaka mahakamani. Nilivuka mpaka huo mara ya kwanza nikiwa nimetumwa kuazima shoka. Nilimkuta jikoni kwake, kibanda cha mbao kilichoiva kwa moshi hadi kuta ziling'aa kama viatu vya polisi, ameketi kwenye kigoda, sufuria ya machalari, ndizi na nyama, inachemka bila mfuniko mbele yake. Watu hupenda kusema kwamba mzee fulani alikuwa na hekima. Babu Eliapenda hakuwa nayo hata ya kuazima. Aliiba kete kwenye drafti. Aliwasema wazee wa kanisa majina kwa majina. Aliamini kwamba simu ikikaa kwenye kopo la sukari haiishi chaji, kwa hiyo simu yake ilikuwa imezimika siku zote na ilikuwa na sisimizi. Lakini nilipomwambia habari za ng'ombe waziri, alinitazama kimya, kijiko kimesimama hewani. Nikahesabu kichwani: moja, mbili, tatu. Nikajisemea basi, huyu naye. Kisha mabega yakaanza kutikisika, macho yakafumba, na kicheko kikatoka kikubwa kuliko yeye, kikamalizikia kwenye kikohozi, na kikohozi kikamalizikia kwenye, "Ruwa wangu! Mungu wangu! Hajibu salamu!"

Baadaye nilielewa kwamba alikuwa anautafsiri kwanza. Utani wangu uliingia kwa Kiswahili, ukatembea ndani yake ukitafuta Kichagga, ndipo ukafika. Ule ukimya wa kuhesabu moja mbili tatu ukawa kitu nilichokipenda kuliko chochote Mwika. Niliuwaza njia nzima ya kutoka shule. Nilibeba utani mmoja kila siku kama mtu anayebeba yai, nikamkuta jikoni, akanipakulia machalari kwenye bakuli la bati, nikala, nikautoa, nikahesabu. Nyuma ya jiko ulisimama mringaringa wake, mti mkubwa wa kivuli cha kahawa, mizinga miwili ya nyuki ikining'inia juu. Ukichanua, maua meupe yaliangukia bati la jiko na kuingia hadi kwenye sufuria. "Kula tu," alikuwa akisema. "Hizo ni mboga za juu." Alipofiwa na mkewe, aliniambia mara moja tu na hakurudia, aliukuta mti ule bado unadondosha maua kama vile hakuna kilichotokea. Akaukasirikia wiki nzima, halafu akaona ni yeye tu na mti waliobaki, hakuna haja ya kununiana.

Baada ya mvua za masika wakaja wapimaji wa njia ya umeme. Si hizi nguzo za miti zinazoingia majumbani, ambazo tayari tulikuwa nazo na ambazo taa zake zilizimika kila Bibi alipochukua sindano. Hii ilikuwa njia ya msongo mkubwa, yenye minara ya chuma, inayotoka mbali na kwenda mbali, na sisi tulikuwa tu katikati. Kiongozi wao alikuwa dada mmoja wa fulana ya kung'aa, ameshika fimbo yenye chombo cha kupokea setilaiti kichwani. Alitueleza taratibu, watu wamesimama kati ya migomba mikono nyuma. Chini ya nyaya patakuwa na ukanda unaoitwa mkuza. Ndani ya mkuza hapakai nyumba wala mti mrefu, maana umeme wa namna ile hausubiri tawi liguse waya. Likikaribia tu, unaruka wenyewe. Miti itakayoondoka itapigwa alama nyekundu ya mkasi na namba chini yake. "Na sisi tutapata umeme wa uhakika?" Bibi akauliza. Dada akajikuna shingo. "Huu, mama, hautelemki hapa. Hauwezi kuingia nyumbani bila kupunguzwa nguvu, na kituo cha kupunguzia kiko mbali."

Jioni ile nilimwambia Babu, "Kumbe huo umeme ni kama ndege za watalii. Utatuona, lakini haushuki." Moja, mbili, tatu. Alicheka hadi akashika figa la moto, akalaani, akacheka tena.

Sasa nifike kwenye lile jambo. Wapimaji walipiga alama zao kihamba baada ya kihamba, na mringaringa wa Babu haukuguswa. Mstari ulipita chini zaidi, karibu na mfereji. Kila siku Babu alinisimulia alivyowashinda, kana kwamba aliusukuma mstari kwa mikono yake. Na mimi, kwa akili niliyokuwa nayo, nikaona hapo pana utani wa mwaka. Bibi alikuwa na kopo la rangi nyekundu iliyobaki alipopaka geti. Jumamosi asubuhi, Babu alipokwenda sokoni, nikauchora mti mkasi mkubwa kwenye shina. Rangi ilichuruzika kama kamasi. Namba sikuweka, sikuikumbuka. Mpango ulikuwa nijifiche kwenye mikahawa, miti yake ya kahawa, Babu arudi, apige yowe, aite wapimaji wote majina ya mizizi ya ukoo wao, halafu nitokee na kopo mkononi. Nilishaanza kukihesabu kile kicheko. Lakini kabla hajarudi Bibi akaniita: shangazi amepita na gari, nishuke naye mjini nikapimwe macho, maana mwalimu alilalamika kwamba natazama ubao kama natazama kaburi. Nikapanda. Nikajiambia uache utani ulale, utakolea kama mbege, pombe yetu ya ndizi.

Nilikaa Moshi siku tatu. Nikapimwa macho, nikaambiwa naona vizuri sana. Simu ya shangazi ilikuwa mezani muda wote na namba ya Bibi naijua kwa kichwa. Sikupiga. Nilikuwa na wazo la kijinga kwamba utani mzuri haupigiwi simu. Jumanne nikashuka barabarani na kuanza kupanda njia ya kwetu, na pale kwenye kona ambapo siku zote nilianza kuona kilele cha mringaringa, niliona anga. Anga tupu, jeupe, kama pengo la jino. Nilisimama.

Bibi ndiye aliyenisimulia, akimenya ndizi. Babu alirudi sokoni, akaiona alama, hakupiga yowe. Aliingia ndani akafunga mlango. Wiki iliyotangulia vijana wa mkataba wa kukata miti walikuwa wameangusha mti wa jirani wa chini kizembe, ukalalia mstari mzima wa mikahawa, na Babu aliapa mti wake hautaangushwa na mtu asiyejua jina lake. Jumapili akahamisha mizinga. Jumatatu akamwita fundi wa msumeno anayemwamini, akaumwagia mti kikombe cha mbege kwenye shina, akamwelekeza fundi uangukie uani, usiumize hata mkahawa mmoja. "Haukuumiza hata mmoja," Bibi akasema, kama anasifia mtoto. Nikaomba niende chooni. Nilikaa huko mpaka akaja kunigongea.

Siku mbili baadaye yule dada mpimaji akapita akipiga vigingi. Mimi nilikuwa uani kwa Babu, nimeshika bakuli la machalari nisiloweza kumeza, na utani wa siku sikuwa nao. Dada akatazama kisiki, akatazama karatasi zake. "Babu, mti huu mbona haumo kwenye orodha? Mkuza uko kule chini." Akaligeukia gogo lililolala, alama yangu bado inang'aa juu yake. Akainama. "Hii si rangi yetu. Na haina namba. Nani ameweka hii?" Babu alinitazama miguuni. Kwenye kiatu changu cha shule, cha kulia, palikuwa na tone jekundu kubwa kama punje ya kahawa mbivu. Nikahesabu bila kutaka: moja, mbili, tatu.

"Niliweka mwenyewe," Babu akasema. "Nilichoka na kivuli."

Dada akapandisha mabega, akaenda zake. Babu akachukua bakuli langu, akamwagia kuku machalari, akaingia jikoni, akafunga mlango. Afadhali angeniita mbwa.

Miezi iliyofuata ndiyo ninayoiota mpaka leo. Nilitoka shule, nikapita nje ya masale, nikaingia kwetu. Niliendelea kutengeneza utani kichwani kwa mazoea, kama kuku aliyekatwa kichwa anavyoendelea kukimbia, na jioni nililala nao. Minara ikaja vipande vipande, ikafungwa bolti, ikapanda juu ya migomba. Vijana wakaning'inia na kufunga vikombe vya kushikilia nyaya, wakazivuta. Mkuza ulikuwa umeshakatwa wote, na jua ambalo halikuwahi kufika chini kwenye mikahawa yetu likafika. Majani yakaungua kingo, yakawa kahawia. Kitu pekee tulichopata ni dirisha: ukisimama pale katikati unaona mpaka tambarare kule chini, mashamba ya mpunga yanawaka kama bati. Halafu wakauwasha umeme. Asubuhi za ukungu nyaya zilianza kutoa sauti, ziii, kama mafuta kwenye kikaango, na dada alishatuambia kwamba ni unyevu tu, hewa inayozunguka waya inaungua kidogo kidogo. Bibi hakuisikia. Babu aliisikia, najua, kwa sababu nilimwona akisimama uani na kikombe cha chai, ameinua uso. Tulitengana hatua thelathini, tunasikiliza kitu kimoja.

Desemba, nikiwa nimeshapata nafasi ya bweni, nilimwambia Bibi kwenye sikio la kulia, "Mtu akimkosea mtu huku, anafanyaje?" Hakuuliza nani. "Anampelekea sale," akasema. "Akipelekewa, hawezi kukataa. Hata kama umemuua mtoto wake." Basi. Sikuuliza sale linapelekwaje, nilidhani nimeelewa. Kumbe ni jani tu, unalikunja fundo, unalishika kwa heshima. Mimi nilikwenda mpakani, nikachagua sale zuri, nikalikumbatia na kuling'oa lote, mizizi, udongo na konokono mmoja, nikaingia nalo uani kwa Babu nikiwa nimelibeba begani kama bunduki.

"Shikamoo Babu."

"Marahaba." Alilitazama sale. Akatazama nyuma yangu, kwenye pengo jipya lililotokea kati ya kihamba chake na cha Bibi. "Hilo umelitoa wapi?"

"Pale."

"Umekuja kuniomba msamaha," akasema polepole, "umeniibia mpaka?"

Kona ya mdomo wake ilitikisika. Naapa ilitikisika. Nikaanza kuhesabu, nikafika tatu, nikafika tano, nikafika kumi. Nikasema ni mimi niliyechora, ulikuwa utani, nilitaka ucheke. Udongo ulidondoka kwenye viatu vyangu wakati nasema. Akanyoosha mikono miwili akalipokea sale. "Nimepokea," akasema. "Yamekwisha. Nenda ukasome." Na yalikuwa yamekwisha kweli; asubuhi niliyoondoka alikuja kunibebea begi hadi barabarani, akanipa ndizi mbivu za njiani. Lakini hakucheka. Nilimtupia utani mara tatu njiani, mzuri wote, akaitikia, "Eeh, eeh," kama Bibi. Ndipo nilipojua kwamba sale linamlazimisha mtu kusamehe, halimlazimishi kucheka. Kila likizo nilipoenda alikuwa mpole, alinisalimia, aliniuliza masomo, na mimi nilipita mbele ya jiko lake bila kuzunguka uani. Sikutaka kukiona kisiki.

Basi nikaenda kumzika. Ukungu ulishuka hadi kwenye maturubai, na nyaya zililia tangu asubuhi, hata mchungaji akalazimika kupaza sauti. Mwanawe wa Dar, Godlisten, akashika kipaza sauti akasema, "Kuna binti alikuwa rafiki wa mzee. Aika, njoo useme kidogo. Lakini usituvunje mbavu, tuko msibani." Watu wakaanza kutabasamu kabla sijafungua mdomo. Wanafunzi wenzangu wa zamani walikuwepo, wale wa Kichagga cha mapumziko. Nikasimama mbele ya jeneza. Nilikuwa na maneno mazuri kwenye karatasi, nikayaacha. Nikasema, "Mringaringa wa Babu haukukatwa kwa sababu ya umeme. Ni mimi nilichora ile alama, kwa rangi ya geti la Bibi. Nilitaka kumchekesha. Na nilipokwenda kuomba msamaha niling'oa sale la mpaka."

Mtu mmoja nyuma akaguna, mwingine akaziba mdomo kwa kanga, na turubai zima likacheka. Godlisten alicheka akifuta machozi. "Huyu mtoto!" wakasema. "Hata msibani!" Nikasema, "Ni kweli." Wakacheka zaidi. Nilikuwa nimeota kwa mwaka mzima watu wa Mwika wanacheka kwa ajili yangu hivyo.

Walipoenda kula, nilikwenda nyuma ya jiko. Kisiki kilikuwepo, kimeota ukungu wa kijani, na ubavuni pake limesimama sale, refu kufika begani kwangu, limetunzwa, limewekewa samadi. Lile lile. Bibi akaja nyuma yangu, akashika mkono wangu kama anashika mkongojo.

"Ulisema kweli," akasema.

"Umesikia?"

"Nina sikio moja, si kwamba sina." Akaligusa sale. "Alilipanda siku ile ile. Nilimwambia alirudishe mpakani, akakataa. Akasema pengo libaki, amechoka kuzunguka barabarani akitaka chumvi kwangu."

Nikauliza swali nililolibeba miaka yote. "Bibi, aliwahi kulicheka?"

Bibi alifikiri. "Alicheka. Ulikuwa umeshakwenda bweni, mwezi wa pili hivi, mvua haijaanza. Alisimama hapo kwenye pengo, ghafla tu, akasema, 'Yule mtoto alikuja kuomba radhi ameniibia mpaka.' Alicheka mpaka nikamletea maji."

"Mbona hukuniambia?"

"Hukuniuliza."

Akaenda kuwahudumia wageni. Mimi nikasimama kwenye pengo la mpaka, nikageukia mlango wa jiko. Ulikuwa wazi. Kigoda kilikuwa ndani, na mafiga baridi. Juu ya ukungu, upande wa mkuza, nyaya zilikuwa zinakaanga.

"Babu," nikasema, "leo nimesema ukweli mbele ya mchungaji, wamecheka wote. Hata mchungaji."

Nikaanza kuhesabu.